Picha ya Ndugu Wawili

Katika nchi ya Watamili, kusini ya Bara Hindi, ziko siku chache kila mwaka, zaidi katika mwezi wa Mei, ambazo jua huchoma kupita siku nyingine zote. Wenyeji huziita siku hizo Agni Natchathiram, maana yake Nyota ya Moto. Mwaka 1988 mtunzi wa sinema aitwaye Mani Ratnam alilichukua jina hilo akaipa picha yake moja, nayo ndiyo ninayotaka kuieleza hapa, wema wake na ila zake. Mimi ni mtu wa Voi, na mtu wa Voi hahitaji kufafanuliwa jina la namna hiyo. Mwezi wa Februari, vumbi jekundu linapopaa juu ya barabara ya Mombasa na mibuyu ikasimama bila ya jani, sisi nasi tunayo nyota yetu, ila hatukuipa jina.

Picha hiyo ni hadithi ya ndugu wawili wa baba mmoja na mama mbalimbali. Nami ni mmoja wa ndugu wawili wa namna hiyo. Nalitaja jambo hili mapema, kabla ya kusifu wala kulaumu, ili msomaji ajue kuwa sikuitazama kama hakimu atazamavyo kesi ya watu asiowajua.

Kisa chenyewe ni hiki. Baba, jina lake Viswanathan, ni mtumishi mkubwa wa serikali, mtu mwaminifu asiyenunulika. Ana wake wawili na nyumba mbili. Mke wa kwanza amemzalia Gautham, ofisa wa polisi. Mke wa pili amemzalia Ashok, kijana asiye na kazi, pamoja na binti mmoja. Vijana hawa hawapishani sana kwa umri, na kwa hasira hawapishani kabisa. Wakikutana njiani huanza kwa macho, kisha maneno, kisha ngumi. Wakati huohuo baba yao anaongoza tume inayochunguza maovu ya tajiri mmoja aitwaye Chidambaram. Tajiri huyo, akiisha kuona kuwa tume itamharibia, anatuma watu wamwue mzee. Mzee anajeruhiwa, analazwa hospitali, na nyumba mbili zinakutana kando ya kitanda chake. Wauaji wanaporudi usiku ili waimalize kazi yao, ndugu wawili wanasimama bega kwa bega kumlinda. Baba anaokoka, tajiri anaanguka.

Sisi watu wa Kenya tumezoea kuziita picha zote za Bara Hindi kwa jina moja, picha za Kihindi, kana kwamba nchi ile kubwa ina lugha moja. Sivyo. Kitamili ni lugha mbali na Kihindi kama Kijaluo kilivyo mbali na Kidawida, ina maandishi yake, vitabu vyake vya kale sana, na sinema yake yenye makao katika mji wa Madras, ambao tangu mwaka 1996 huitwa Chennai. Wazee wetu waliozoea sinema za Mombasa waliona zaidi picha za Kihindi cha kaskazini. Wahindi walioletwa kujenga reli iliyopita hapa Voi mwishoni mwa karne ya kumi na tisa walikuwa wengi wao watu wa Punjab, na maduka yaliyofuata reli yalikuwa zaidi ya Wagujarati. Kwa hiyo Mtamili ni mgeni kwetu hata miongoni mwa Wahindi. Mimi niliijua picha hii kwa sababu binti yangu, aliyekuwa akisoma chuo Mombasa, alikuja nayo likizoni katika kompyuta yake, na maneno ya Kiingereza yakipita chini yake kwa wale tusiojua lugha. Aliniambia, "Baba, hii itazame peke yako." Kisha akaenda zake sokoni.

Niliitazama peke yangu. Ilipokwisha nilibaki nimekaa, chai imepoa, sikumbuki kuwa niliinywa.

Ili nieleze kilichonishika, yanipasa kuitaja picha nyingine ambayo wengi waliitazama kabla yangu, yaani Deewaar ya mwaka 1975. Ile nayo ni ya ndugu wawili, mmoja mhalifu na mmoja polisi, na mwisho yule polisi anampiga risasi nduguye, naye anakufa mikononi mwa mama yao. Kabla yake ilikuwapo Gunga Jumna ya mwaka 1961, ambayo nayo ni hivyo hivyo: mmoja jambazi, mmoja polisi, na risasi. Picha za namna hiyo zina nguvu, sikatai. Lakini humwambia mtazamaji mapema nani aliyepotea njia, hata akijifuta machozi ajue anamlilia nani na kwa nini. Katika Nyota ya Moto hapana aliyepotea njia. Gautham ana haki ya kuona uchungu, kwa kuwa mama yake aliletewa mwenzi. Ashok ana haki ya kuona uchungu, kwa kuwa watu humwona mtoto wa pembeni, na kosa alilofanya ni kuzaliwa. Kila mmoja akisema neno, neno lake ni la kweli, na ukweli huo huo ndio unaowapiganisha. Nimesoma vitabu vingi vya hadithi, wala sikumbuki vitatu vilivyothubutu kufanya hivyo: kuwagombanisha watu wawili wema kwa muda wa saa mbili na zaidi pasipo kumfanya mmoja wao kuwa mbaya ili mambo yawe mepesi.

Mimi ni Ashok. Baba yangu alifanya kazi ya reli Voi. Mke wake wa kwanza alikaa juu milimani, karibu na Wundanyi, penye shamba, chemchemi na ukungu. Na huko alizaliwa kaka yangu na dada zake wanne. Baba akaoa tena huku chini, akanipata mimi na ndugu yangu wa kike. Kila mwisho wa mwezi baba alipanda gari kupitia Mwatate akaenda mlimani kwa siku mbili, kisha akarudi. Kwa hesabu hiyo mimi nilikuwa na baba siku ishirini na nane za mwezi, na kaka yangu siku mbili. Lakini yeye alikuwa na ardhi, na makaburi ya babu, na wazee waliolijua jina lake. Mimi nilikuwa na chumba cha kupanga nyuma ya stesheni. Nilimwonea wivu kwa vitu vyake, naye aliniona mimi mwizi wa baba. Tulipokuwa wadogo tulipigana mara mbili. Tulipokuwa wakubwa hatukupigana, nako kulikuwa kubaya zaidi.

Mama mkubwa alipofariki nilipanda mlimani kwenda kumzika. Nilichelewa kwa sababu ya mvua na utelezi, nikafika watu wamekwisha kukaa. Nikasimama kutafuta mahali. Kaka yangu, aliyekuwa akipanga watu, alinitazama vizuri usoni kisha akasema kwa sauti ya kusikika, "Wageni wakae upande ule." Nikaenda nikakaa upande ule. Jioni nilirudi Voi, na kwa miaka tisa hatukusemezana.

Basi msomaji ataelewa kwa nini nilipomwona Ashok akimtazama nduguye kwa macho yale nilisahau chai.

Mbali na hayo, iko sifa ya pili, na hii haikuhitaji mtu awe na ndugu wa aina yoyote. Ni kazi ya mwanga. Mpiga picha wake, P. C. Sreeram, alifanya kitu ambacho sikuwa nimekiona: aliuachia mwanga uingie kwenye macho ya mtazamaji. Katika picha nyingi taa ni mtumishi; kazi yake ni kuwaonyesha wachezaji, kisha inyamaze. Hapa mwanga unapenya kwenye mianya ya madirisha, unavunjika katika moshi, unapiga kioo cha kamera hata pande za picha zikaungua kwa weupe. Mtu anaingia ndani na jua limemshika mgongoni, sura yake giza. Wenye kujua sanaa wa huko walisema sana juu ya mwanga huo, wengine kwa sifa, wengine kwa kusema umezidi. Mimi nasema ulikuwa na maana. Ndugu wawili wanaoonana kwa hasira hawaonani. Kila mmoja anaona mwako tu mahali penye uso wa mwenziwe. Anayeishi Voi anajua namna hiyo. Saa nane mchana, mtu akija kwako kutoka upande wa magharibi, humtambui hata akukaribie hatua tano, nawe huenda umekwisha kumfikiria mtu mwingine na kuandaa neno la kumwambia.

Zaidi ya yote nilimpenda baba yule, maana mtunzi hakumfanya mwovu. Viswanathan anachunguza maovu ya mtu mwingine kwa uaminifu mkubwa, karatasi kwa karatasi, na nyumbani kwake mwenyewe iko kesi asiyoweza kuifungua faili. Mchezaji wake, Vijayakumar, anaitoa hali hiyo kwa kunyamaza. Nilimwona baba yangu katika kunyamaza kule. Na wachezaji wa ndugu, Prabhu na Karthik, wenyewe ni wana wa wachezaji mashuhuri wa Kitamili, kwa hiyo jambo la kubeba jina la baba hawakulijifunza kwa ajili ya picha hii. Hata mtayarishaji wake, G. Venkateswaran, alikuwa kaka yake Mani Ratnam. Sijui walipokuwa kazini walisemezana namna gani, lakini ningependa kuwasikia.

Hivyo ndivyo nilivyoisifu nilipoitazama mara ya kwanza, na kama ningeandika insha hii wiki ile, ingekuwa sifa tupu. Miezi minne baadaye baba aliugua.

Ilikuwa damu kichwani. Alianguka bafuni alfajiri, tukampeleka hospitali hapahapa Voi, nami nikampigia simu dada yangu mmoja wa mlimani kwa kuwa sikuweza kumpigia kaka. Kaka alifika kabla ya adhuhuri. Aliingia wodini, akanipa mkono kama vile mtu ampavyo mkono karani, akakaa upande wa pili wa kitanda. Tukakaa hivyo, baba katikati, mdomo wake umepinda, hana neno. Hapo ndipo nilipoikumbuka picha, na nasema kweli, nalitazamia jambo litokee. Katika Nyota ya Moto usiku wa hospitali ndio kilele cha yote. Taa zinawaka na kuzimika, zinawaka na kuzimika, wauaji wanapita katika giza la vipande vipande, na katika kila mwako ndugu wawili wanazidi kukaribiana. Katika wodi yetu nako palikuwa na taa moja iliyokuwa ikipepesa usiku kucha. Hapana aliyekuja ila muuguzi, naye alikuja kupima damu akaenda zake. Taa iliendelea kupepesa. Tulikaa saa kumi na moja bila ya adui.

Nilifahamu usiku ule ila kubwa ya picha niliyoipenda. Mtunzi alipofika mahali pagumu alimwita muuaji amsaidie. Ndugu wale walikuwa na jambo la kuzungumza, jambo la miaka ishirini na zaidi, nao hawakulizungumza kamwe. Walipewa mtu wa kumpiga, na kwa kumpiga pamoja wakahesabiwa kuwa wamepatana. Ni kweli kuwa hatari huwakusanya watu. Wazee wa reli wamesimulia jinsi kambi ya Tsavo, si mbali na hapa, ilivyokusanyika mwaka 1898 simba wawili walipokuwa wakiwala wafanya kazi. Lakini simba wakifa kambi hutawanyika, na mwenye deni hurudi kumdai mwenziwe. Chidambaram ni simba wa kukodiwa. Na kwa kuwa kazi yake ni hiyo tu, mtunzi hakujali kumpa roho: ni tajiri mwovu kwa sababu picha inahitaji tajiri mwovu, kama vile duka linavyohitaji mizani.

Tulichopata sisi badala ya muuaji kilikuwa fomu. Alfajiri muuguzi aliileta akauliza, "Nani ndugu wa karibu wa mgonjwa?" Palikuwa na mstari mmoja tu. Kaka yangu ndiye mkubwa, akaichukua kalamu. Nilitazama ukutani. Aliandika muda mrefu kuliko jina lake lilivyostahili, kisha akanisogezea ile karatasi juu ya miguu ya baba. Alikuwa ameandika jina lake kwa herufi ndogo sana, zilizobanana mwanzo wa mstari, na nusu ya pili ya mstari ilikuwa tupu.

Niliandika jina langu. Baadaye, tulipokuwa nje tukinywa chai kwa mama mmoja penye lango, nilimwuliza juu ya neno lile la mazishini. Nilitumaini atasema kuwa sikulisikia vizuri, au kwamba aliwasema watu wa Mombasa waliokuwa nyuma yangu. Akasema, "Nilisema, na nilikukusudia wewe." Akanywa chai. "Siku ile nilikukusudia wewe, mdogo wangu." Hakuongeza, wala mimi sikumwomba aongeze. Lakini ilikuwa mara ya kwanza kuniita hivyo.

Ila nyingine za picha nitazipita haraka, kwa kuwa kila mtu aweza kuziona. Katikati ya kisa wamechomekwa vichekesho vya wazee wawili, mmoja akifurahi mno kwa kuwa mke wake amesafiri kwenda kwao. Watamili wengi wanayapenda maneno yake hata leo. Lakini havihusiani na kisa, na kila vinapoingia ni kama mtu apigaye hodi wakati wa kesi. Wako wasichana wawili wa kupendwa na vijana wetu, na nyimbo zao. Muziki ni wa Ilaiyaraaja, nao ni mzuri kweli. Binti yangu aliuimba jikoni mwezi mzima. Wasichana wenyewe hawakupewa kazi ya kufanya ila kupendwa. Ipo pia ila ya sheria. Sheria ya ndoa ya Wahindu ya mwaka 1955 yahesabu ndoa ya pili ya Mhindu kuwa batili mke wa kwanza akiwa hai. Basi huyu mtumishi mkubwa wa serikali, mwenye maadui wanaotafuta kila njia ya kumwangusha, iweje Chidambaram asiitumie njia hii iliyo wazi? Angemwangusha kwa barua moja bila ya kumwaga damu. Mtunzi aliuona mlango huo, nafikiri, akaupita kimya kwa kuwa nyuma yake kulikuwa na hadithi ngumu zaidi.

Lakini iko ila moja ambayo sitaipita haraka, nayo sikuiona mwenyewe. Nilionyeshwa na mama yangu.

Siku ya tatu ya ugonjwa mama alikuja na uji. Kaka yangu alisimama akampokea kikapu, akasema, "Shikamoo, mama mdogo," naye akaitika, "Marahaba, mwanangu." Kisha akakitazama kile kikapu mikononi mwa kaka, akacheka kidogo. Jioni nilimwuliza alicheka nini. Akaniambia kuwa kikapu kile ni cha mlimani. Kila mwisho wa mwezi baba alipokwenda huko, mama alikijaza sukari, sabuni, chumvi na mafuta ya taa, na pengine kitambaa. Na kila baba aliporudi kilikuwa na maharagwe, mahindi mabichi, viazi, maparachichi, na mara moja kuku. Baba hakuambiwa apeleke wala alete. Kikapu kilikutwa kimewekwa mlangoni. Kilipochakaa, kingine kipya kilisukwa huko juu kikashuka na vitu vyake. Wanawake wale wawili walikutana uso kwa uso mara nne katika maisha yao yote. "Mwaka mvua zilipokosekana," mama alisema, "nilikuta ndani maharagwe ya kiganja kimoja, yamefungwa katika kitambaa safi. Nikajua kwake hamna kitu. Mwezi uliofuata nilijaza unga hata kikapu kikakatika mshikio." Mimi na kaka tulikuwa tukigombania baba miaka yote hiyo, na sote wawili tulikuwa tukila katika kikapu hicho.

Sasa rudini katika Nyota ya Moto muwatazame wale mama wawili. Wamepewa machozi, wamepewa sari nzuri, na hospitalini wanakutana katika huzuni kama watu walioumbwa saa ile. Mtunzi aliyeweza kuona jua likivunjika kwenye dirisha hakujiuliza wanawake hawa walijuanaje, nani alimsikia nani kwanza, walipelekeana nini, walinyimana nini. Kwake mke mwenza ni sababu ya ugomvi wa wanaume, basi. Miaka thelathini baadaye, mwaka 2018, Mani Ratnam alirudia jambo la ndugu katika picha iitwayo Chekka Chivantha Vaanam, yenye wana watatu wa jambazi mkubwa wanaogombea kiti cha baba yao, na mwisho wake ni msiba. Ni picha iliyopikwa kwa ustadi kuliko ile ya kwanza, tena ya kikatili zaidi. Nayo pia niliitazama nikitafuta kikapu.

Baba alipona kwa kiasi. Mguu mmoja huvuta, na maneno hutoka polepole, lakini hutoka. Hapo ndipo picha ya Watamili inapokwisha na ndipo shida yetu ilipoanza: akae wapi? Kaka alisema joto la Voi litamwua. Mimi nilisema baridi ya mlimani, chini ya Vuria penye ukungu wa asubuhi hata adhuhuri, itamkaza viungo. Tulibishana kwa simu wiki mbili, tukakasirikiana tena, na mara moja nilikata simu. Mwisho dada zetu walitutungia hukumu: miezi ya jua kali baba akae juu, na miezi ya baridi ashuke Voi. Kuna na shamba pia. Sheria ya Urithi ya Kenya, iliyoanza kutumika mwaka 1981, yasema kuwa mtu mwenye wake wengi akifa bila ya wosia, mali yake hugawanywa kwa nyumba kwa kufuata hesabu ya watoto wa kila nyumba, na mjane aliye hai huongezwa katika hesabu ya nyumba yake. Nyumba ya kaka ina watoto watano, yetu ina wawili na mama. Hesabu hiyo mtoto wa darasa la nne aweza kuifanya. Lakini baba yu hai, na hapana aliyeitaja mbele ya mwenziwe, ingawa nina hakika kuwa kaka ameifanya kama nilivyoifanya mimi.

Mwezi wa Juni uliopita kaka alimshusha baba, akalala kwangu usiku mmoja. Binti yangu aliwaeleza habari ya picha, na kaka akasema anataka kuiona. Nilisitasita kwa sababu baba alikuwa amekaa palepale kitini, blanketi magotini. Tuliiweka. Baba hakuweza kusoma yale maneno ya chini, kwa hiyo nilikuwa nikimfasiria, na nilipofika mahali ambapo Ashok anasema vibaya juu ya baba yake nilifasiri kwa ufupi. Kaka alinitazama, akajua nimefupisha. Walipoingia wazee wa vichekesho alilala usingizi akakoroma, akaamka hospitalini taa zilipoanza kupepesa, akaketi wima asiseme neno.

Ilipokwisha baba alikaa kimya kama desturi yake. Kisha akauliza polepole, "Yule mama wa pili. Jina lake nani?"

Nilikuwa nimeitazama picha ile mara tatu, na nilijua jina la mpiga picha, la mpiga muziki na la mtayarishaji. Nikamtazama kaka, naye akanitazama mimi. Binti yangu akaivuta kompyuta karibu, akairudisha picha nyuma ili tutafute.